Moufida Tlatli: Fundi wa Kukata na Kuunga

Watu wakitoka senema humsifu mchezaji, na wajuzi kidogo humtaja mwongozaji. Yule aliyekaa katika chumba cha giza akikata na kuunga vipande vya filamu hana wa kumtaja. Leo namtaja mmoja wao: Bibi Moufida Tlatli wa Tunisia, aliyezaliwa Sidi Bou Said mwaka 1947 akafariki Februari 2021, Mwenyezi Mungu amrehemu.

Kazi hiyo aliisomea Paris, akahitimu mwaka 1968, kisha akarejea kwao. Waongozaji wa Kiarabu waliokuwa wakitoa filamu zao ndefu za kwanza wakawa wanamwendea yeye. Tazameni alivyokuwa hachagui. Mwaka 1976 aliiunga Omar Gatlato ya Merzak Allouache, kisa cha kuchekesha cha kijana wa Algiers anayeipenda sauti ya mwanamke aliyoisikia katika kaseti. Mwaka 1979 ikaja Nahla ya Farouk Beloufa, habari za mwimbaji wa Beirut aliyepotewa na sauti. Mwaka 1980 Michel Khleifi alimpa maisha ya kweli ya wanawake wawili wa Kipalestina. Mwaka 1984 Nacer Khemir akamletea hekaya ya jangwani. Na mwaka 1990 ikatoka Halfaouine ya Férid Boughedir, kisa cha mtoto wa Tunis anayebaleghe.

Sisi watunzi wa mashairi twaijua kazi hii. Ubeti una mizani yake, na ajuaye kutunga ni ajuaye kutupa. Lakini mshairi hutupa maneno yake mwenyewe. Mwenye kuunga filamu hutupa jasho la mwenziwe, na humbidi amwambie hivyo usoni pake.

Kisha mamake akaugua, akawa hasemi tena. Bibi Moufida akaiacha kazi ili amuuguze, na hapo ndipo alipotambua kwamba maisha ya mama yule hakuwahi kuyajua, na sasa hapakuwa na wa kumjibu. Katika majonzi hayo ikazaliwa filamu aliyoiongoza mwenyewe, Samt al-Qusur, yaani Kimya cha Majumba, ya mwaka 1994. Ni habari za watumishi wa kike katika jumba la watawala wa Tunis, karibu na uhuru wa mwaka 1956, waliozoeshwa kuona yote na kunyamaza. Cannes waliitaja kwa sifa maalumu, na tamasha la Carthage mwaka ule ule likaipa Tanit ya Dhahabu. Mwaka 2011, baada ya mapinduzi, alishika uwaziri wa utamaduni kwa muda mfupi.

Chuoni tulifunzwa kuwa haki ya mama hutangulia mara tatu. Twawapelekea chakula na dawa, na ni vyema. Lakini ni wangapi tuliokaa nao chini tukawauliza: ulipokuwa msichana ulitaka nini? Nani alikukataza? Fundi yule aliijua thamani ya kila kipande, na kilichomliza ni kile ambacho hakikupata kunaswa. Waliojaaliwa kuwa nao wangali hai, nawakaulize leo.