Toshiro Mifune: Askari Aliyetafuta Kamera Akapata Sinema

Wahenga walisema kuwa riziki ni kama ajali, huitambui ijapo. Ukweli wa maneno hayo unaonekana katika maisha ya Toshiro Mifune, Mjapani aliyerudi kutoka vitani hana kazi, akaenda kuomba kazi ya kamera, na badala yake akatakiwa aonyeshe hasira mbele ya waamuzi wa waigizaji. Watazamaji wa nchi nyingi humkumbuka akiwa na upanga mkononi. Lakini msomaji aliye askari au polisi, pamoja na jamaa zake, anayo sababu nyingine ya kumjua mtu huyu: alivua sare, akaanza upya, na kazi ambayo hakuitamani akaifanya kwa uaminifu wote.

MWANA WA MPIGA PICHA

Mifune alizaliwa tarehe 1 Aprili, 1920, katika mji wa Tsingtao, nchini China. Wazazi wake walikuwa Wajapani. Baba yake alikuwa na duka la kupiga picha, na kijana alilelewa katika mji wa Dalian, ambao wakati ule ulikuwa chini ya utawala wa Japani. Kazi ya picha aliijua tangu utotoni, kwa sababu ndiyo iliyowalisha nyumbani.

Alipofikia umri wa miaka 20 aliandikishwa jeshini. Kwa kuwa alikuwa na ujuzi huo, aliwekwa upande wa ndege, katika kazi ya picha zilizopigwa kutoka angani. Humo alitumika mpaka Japani iliposalimu amri mwezi wa Agosti, 1945.

Tokyo aliyoikuta baada ya vita ilikuwa imeteketezwa kwa mabomu. Chakula kilikuwa haba, nyumba zilikuwa haba, na mamilioni ya askari walikuwa wakirudi kutafuta kazi ambazo hazikuwapo. Mwaka 1946 Mifune alipeleka maombi katika kampuni ya sinema ya Toho, akitaka kuwa msaidizi wa mpiga picha. Maombi yake yakaangukia kwa watu waliokuwa wakichagua waigizaji wapya. Alipoambiwa aonyeshe hasira, alifoka na kurukaruka kwa ukali uliowatisha baadhi ya waamuzi, wakataka kumkataa. Mwongozaji Kajiro Yamamoto alimtetea, na mwongozaji kijana Akira Kurosawa naye akamwombea. Hivyo akakubaliwa, na mwaka 1947 akaonekana katika filamu yake ya kwanza, akiwa mmoja wa wanyang'anyi waliokimbilia milima ya theluji.

BASTOLA ILIYOIBIWA

Mwaka 1948 Kurosawa alimpa nafasi ya mhuni mwenye kifua kikuu katika filamu ya "Malaika Mlevi". Tangu hapo jina lake likaenea. Lakini filamu ambayo polisi yeyote angepaswa kuiona ni ile ya mwaka 1949 iitwayo "Mbwa Mpotevu".

Humo Mifune ni Murakami, mpelelezi kijana. Siku moja ya joto kali anaibiwa bastola yake ndani ya basi, nayo ina risasi saba. Anaandika barua ya kujiuzulu. Mkubwa wake anaichana na kumtaka aitafute silaha. Kila habari ya uhalifu inapoletwa, kijana huyu hutetemeka akijiuliza kama risasi iliyotumika ni mojawapo ya zile saba. Mpelelezi mzee, aliyeigizwa na Takashi Shimura, anamfundisha kazi hatua kwa hatua.

Mwisho inajulikana kuwa mwenye bastola ni askari aliyerudi kutoka vitani na kuibiwa mkoba wake njiani, akakata tamaa na kuwa mnyang'anyi. Murakami naye alikuwa askari, na mkoba wake pia uliibiwa aliporudi. Msiba wao ni mmoja, lakini mmoja alichagua njia ya wizi, na mwingine akachagua kuilinda sheria. Filamu hii haimdharau mwizi. Mwishoni watu wote wawili wamelala chini matopeni, wakihema sawasawa. Yafaa kukumbuka kuwa mwigizaji mwenyewe alikuwa amevua sare miaka michache tu kabla ya hapo.

KAZI NA JASHO

Kati ya mwaka 1948 na 1965, Mifune na Kurosawa walitengeneza pamoja filamu 16. "Rashomon" ya mwaka 1950 ilipata Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la Venice, mwaka 1951, na ikaufungulia ulimwengu mlango wa sinema ya Japani. Katika "Samurai Saba" ya mwaka 1954 aliigiza mtoto wa mkulima anayejifanya samurai ili asaidie kukilinda kijiji na majambazi. Wamarekani waliigeuza hadithi hiyo kuwa filamu ya makauboi mwaka 1960. Waitalia nao mwaka 1964 wakafanya vivyo hivyo kwa "Yojimbo", ambayo mwaka 1961 ilimpatia Mifune tuzo ya mwigizaji bora huko Venice.

Mwaka 1957 aliigiza katika filamu iliyotokana na tamthilia ya Shakespeare ambayo S. S. Mushi aliileta katika Kiswahili mwaka 1968 kwa jina la "Makbeth". Katika tukio la mwisho mishale inayomzunguka ni ya kweli, imepigwa na wapiga mishale hodari. Hofu iliyo usoni mwake haikuwa ya kuigiza tu.

Wenzake walisimulia kuwa alifika kazini bila maandishi ya mchezo, kwa maana maneno yote alikuwa amekwisha kuyahifadhi. Alipoalikwa Mexico kuigiza mkulima wa huko, alijifunza maneno yake kwa Kihispania, ingawa sauti iliyosikika hatimaye ilikuwa ya mtu mwingine.

GHARAMA YA UMAARUFU

Maisha hayakuwa asali tupu. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 alianzisha kampuni yake ya filamu, akawa na mishahara ya watu ya kulipa. Wakati huohuo Kurosawa alimshika kwa muda mrefu katika "Ndevu Nyekundu", filamu ya tabibu wa maskini. Ndevu zile zilikuwa zake mwenyewe, na maadamu hakuruhusiwa kuzinyoa, hakuweza kupokea kazi nyingine. Filamu ilipotoka mwaka 1965 ilimletea tena tuzo ya Venice, lakini watu wale wawili hawakufanya kazi pamoja tena.

Nyumbani nako kulikuwa na mawimbi. Pombe ilimsumbua, na ndoa yake na Sachiko Yoshimine, iliyofungwa mwaka 1950, iliingia katika utengano wa miaka mingi. Hata hivyo, ugonjwa ulipomfika uzeeni, Sachiko alirudi kumwuguza.

Kampuni yake ilishiriki kutengeneza "Uasi wa Samurai" ya mwaka 1967, hadithi ya baba anayesimama dhidi ya bwana wake, kwa sababu bwana huyo anataka kumpokonya mwanawe mke aliye mama wa mtoto. Mwaka 1968 aliigiza pamoja na Mmarekani Lee Marvin, aliyejeruhiwa na Wajapani katika kisiwa cha Saipan mwaka 1944. Katika filamu hiyo askari wawili maadui wamekwama kisiwani, hawaelewani lugha, na inawabidi washirikiane ili waishi.

Kampuni ile ilitengeneza pia michezo ya televisheni, naye akawaingia watazamaji hadi sebuleni. Mwaka 1980 aliigiza Bwana Toranaga katika mchezo wa "Shogun", ulioonyeshwa Marekani kwa siku tano. Alizungumza Kijapani chake, na mamilioni ya wasiokijua wakamfahamu kwa macho na mwendo wake.

Mifune alifariki dunia tarehe 24 Desemba, 1997, akiwa na umri wa miaka 77. Kurosawa alimfuata mwezi wa Septemba, 1998. Mwaka 2016 jina la Mifune liliwekwa katika njia ya nyota huko Hollywood.

Kamera aliyoitaka ujanani hakupewa kuishika. Alisimama mbele yake kwa muda wa miaka karibu hamsini, naye hakuidharau kazi hiyo kwa sababu tu haikuwa chaguo lake la kwanza. Askari anayekaribia kustaafu, na mkewe anayewaza kesho watoto watakula nini, na waweke moyoni kwamba ujuzi wa jeshini haupotei siku sare inapovuliwa. Mifune alitoka vitani na nidhamu yake, na kwa nidhamu hiyo akajipatia riziki.