Mtoto Akirudi Kutoka Masomo, Tumuulize Nini?



Majuma mawili yaliyopita, mtoto mmoja wa mwaka wa kwanza alijikojolea darasani mwangu. Wenzake wakacheka. Yeye akalaza kichwa juu ya banki, hata saa ya mapumziko hakutoka. Kesho yake alikataa kuja masomo. Mama yake alimleta kwa fimbo, akilia.

Nilimuita pembeni, nikachuchumaa ili tuangaliane uso kwa uso. Akaniambia polepole: «Madamu, sikujua kuomba ruhusa kwa Kifaransa.»

Nilisikia haya. Sharti lile niliweka mimi mwenyewe, nikidhani ninawazoeza lugha. Na huku sheria ya elimu ya mwaka 2014 inakubali lugha zetu za taifa, Kiswahili kikiwa kati yao, zitumiwe kwa kufundisha. Siku ile nililiondoa.

Kisha nikakaa kidogo kwenye banki yake ya nyuma. Kutoka pale ubao hauonekani vizuri. Unaona migongo ya wengine. Tangu masomo ya msingi ya serikali yawe ya bure, mwezi wa kenda 2019, watoto wengi wameingia, nasi tunafurahi. Lakini mdogo aliyebanwa katikati ya wenzake wanne anaogopa mambo ambayo sisi wakubwa hatuyaoni: mkubwa anayemnyang'anya andazi lake, choo kisicho na mlango, kalamu iliyopotea na ambayo nyumbani itamletea fimbo.

Sisi tunamuuliza: «Umepata pointi ngapi?» Anajibu, tunaendelea na kazi. Yale mengine yanabaki tumboni mwake.

Wamama, jioni, mkichagua maharagwe au mkimuosha miguu, jaribuni kumuuliza: Leo ulicheza na nani? Nini kilikuchekesha? Kuna kitu kilikuogopesha? Msikilize mpaka amalize, bila kumkaripia. Akikataa masomo, mtafute sababu mbele ya kushika fimbo. Kisha mje mtuambie sisi walimu, kwani nasi tunakosea.

Jana mtoto yule alisimama katikati ya somo la hesabu, akasema kwa sauti: «Madamu, ninaomba kwenda choo!» Hakuna aliyecheka. Alikwenda, akarudi mbio, akamaliza hesabu yake.