Mgeni Aje Kolo, Lakini na Mwenyeji

Tangu barabara ya lami ya kilomita 251 kutoka Dodoma hadi Babati izinduliwe mwaka 2018, Kolo si mbali tena. Zamani kijiji hiki cha wilaya ya Kondoa kilijulikana zaidi kwa madereva wa malori na wataalamu wachache wa mambo ya kale. Leo basi la wanafunzi likiondoka Dodoma alfajiri linafika kabla jua halijawa kali, na jioni watoto wamesharudi makwao. Kinachowaleta ni michoro ya miambani iliyotawanyika kwenye vilima vya ukingo wa Bonde la Ufa, katika mapango zaidi ya 150 ndani ya eneo la kilomita za mraba 2,336, iliyoingizwa na UNESCO katika Orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2006. Wageni wakiongezeka, mjadala wa zamani nao unarudi: tuwafungulie mlango au tuufunge? Naona mjadala huo umekosea shabaha, kwa sababu michoro ya Kondoa haijawahi kuwa na mlango. Pale ilipolindwa, imelindwa na watu wanaoishi chini yake, na ziara inayoongozwa na mtu wa pale ndiyo njia tuliyo nayo ya kuendeleza ulinzi huo. Anayepanda kilima peke yake ni hatari kwa michoro, hata akiwa na nia njema. Anayepanda na mwenyeji anaweza kuwa msaada.

Hoja nzito ya wanaotaka kufunga inatoka Ufaransa, na haifai kupuuzwa. Pango la Lascaux liligunduliwa Septemba 1940, likafunguliwa kwa umma mwaka 1948, na kufikia mwaka 1963 Waziri wa Utamaduni, André Malraux, aliamuru lifungwe. Wageni waliokuwa wakifika kwa mamia kila siku walikuwa wameliumiza kwa pumzi zao tu. Hewa ya ukaa, joto la miili na unyevu vilibaki ndani ya pango lisilo na upepo. Mwani wa kijani ukaota ukutani na chokaa nyeupe ikaanza kutanda juu ya ng'ombe na farasi waliochorwa yapata miaka 17,000 iliyopita. Altamira ya Hispania ilifungwa mwaka 1977 kwa sababu kama hizo. Chauvet, iliyogunduliwa Desemba 1994, haikufunguliwa kabisa kwa umma. Mgeni huonyeshwa nakala iliyojengwa kando. Kwa nini basi Tanzania ingoje maafa kama hayo, wakati wenzetu wameshalipia funzo?

Jibu liko kwenye umbo la mapango yenyewe. Aliyezoea Amboni ya Tanga, pamoja na giza lake na popo wake, atashangaa akifika Kolo. Hapa hakuna kuingia chini ya ardhi. Ni miamba mikubwa iliyotokeza kama paa, ukuta wake wa ndani ukiwa na michoro na upande wa mbele ukiwa wazi kabisa kwa mwanga na upepo. Pumzi ya mgeni inapeperushwa kabla haijagusa mwamba. Kufunga sehemu kama hii kwa sababu ya Lascaux ni kumpa mgonjwa wa malaria dawa ya minyoo. Tena hata Lascaux kwenyewe, kufunga hakukumaliza tatizo: mwaka 2001, karibu miongo minne baada ya umma kuzuiwa, ukungu mweupe ulizuka ndani ya pango, na miaka michache baadaye madoa meusi yakafuata. Na huko huko, katika bonde lile lile la Vézère, pango la Font-de-Gaume limeendelea kupokea wageni mbele ya michoro halisi, wakiingia kwa vikundi vidogo, kwa tiketi chache za siku, na daima wakiwa na mwongozaji. Tukitaka funzo la Ufaransa, naona tuanzie hapo.

Michoro ya Kondoa inaumizwa na nini, basi? Jua na mvua inayotiririka ukutani, kwanza, vumbi, pimbi wanaolala kwenye nyufa na kukojolea mwamba, nyigu wanaojenga viota vya udongo juu ya mchoro, na upungufu wa miti iliyokuwa ikikinga upepo. Kisha binadamu: mkono wenye jasho na mafuta unaopapasa twiga ili kuhisi kama rangi imeinuka, mkaa unaoandika jina la mpenzi, moto wa mchungaji unaopaka masizi, na ile tabia mbaya kuliko zote ya kumwagia mchoro maji ili rangi ikolee kwenye picha. Tabia hii haikuanza na vijana wa simu za mkononi. Huko Tassili n'Ajjer, Algeria, timu ya mtafiti Mfaransa Henri Lhote ililowesha michoro kwa makusudi miaka ya 1950 ili iweze kuinakili. Ajabu ni kwamba michoro myekundu, iliyo mikongwe zaidi, inavumilia kuliko ile myeupe iliyochorwa baadaye. Wekundu wake unatokana na udongo wenye madini ya chuma, ambao huingia katika uso wa mwamba na kushikamana nao, ilhali nyeupe hukaa juu juu na kubanduka. Mgeni asiyeambiwa hilo atadhani ile nyeupe iliyofifia ndiyo ya kale na ile nyekundu ni ya juzi.

Nimeyataja madhara haya kwa urefu kwa sababu moja: yale yanayoletwa na binadamu yote hukomeshwa na mtu aliyesimama pale. Bango halimshiki mtoto mkono. Kamera haitambui kwamba ufa huu ulikuwa mfupi kabla ya masika. Mwongozaji anayepanda kilima kilekile kila wiki huona nyigu wameanza kujenga wapi, maji yamebadili njia wapi, nani aliacha majivu usiku. Tukihesabu kazi yake kuwa ni kusimulia tu, tumeiona nusu. Yeye ndiye mkaguzi wa mahali hapo, na ziara za wageni ndizo zinazomfanya apande kukagua na kumlipa kwa kupanda.

Wapo watakaosema: sawa, awe mlinzi, lakini masimulizi awaachie wasomi, maana waongozaji huchanganya historia na hadithi. Malalamiko hayo yana ukweli kidogo, lakini wasomi wenyewe hawajaafikiana. Mary Leakey, aliyefanya kazi kubwa ya kunakili michoro ya Kondoa mwaka 1951 na kukusanya taswira zipatazo 1,600, alikutana Kolo na mchoro wa watu watano wembamba, wa katikati ameshikwa mikono. Yeye aliona mwanamke anayetekwa: wawili wenye vichwa kama vya vinyago wanamvuta, wengine wawili wanajitahidi kumzuia. Miaka ya 1980 David Lewis-Williams wa Afrika Kusini aliutazama mchoro uleule akaona ngoma ya uganga, ambamo aliyepandwa na nguvu hushikwa na wenzake asianguke. Tafsiri hii inapata uzito tukikumbuka kwamba Wasandawe, wanaoishi si mbali na hapo na ambao lugha yao ina sauti za kidoko, wana ngoma ya simbo inayowafikisha wachezaji katika hali kama hiyo. Tena Eric ten Raa, aliyeishi na Wasandawe na kuandika juu yao mwaka 1971, alikuta kwamba kumbukumbu ya kuchora miambani ilikuwa bado hai miongoni mwao, na kwamba baadhi ya michoro ilihusishwa na uwindaji na mingine na matambiko ya ukoo.

Kwa hiyo mwongozaji mzuri ni yule anayeweka tafsiri mbili mbele ya mgeni na kumwambia ni nani alisema nini na kwa ushahidi gani. Hilo linafundishika, na ni rahisi kumfundisha kijana wa Kolo majina ya Leakey na ten Raa kuliko kumfundisha profesa kutoka nje njia za vilima na adabu za wazee. Ninachokipinga ni zile ziara za haraka ambazo mgeni huonyeshwa tembo, pofu na "mwanamke anayetekwa" kwa dakika kumi, akashuka akiamini ameona sinema ya kale. Umri nao usitiwe chumvi. UNESCO yenyewe inasema miamba hii imechorwa kwa angalau miaka 2,000. Ni kweli kwamba katika pango la Kisese II shanga za maganda ya mayai ya mbuni zimepatikana kwenye tabaka zenye umri wa zaidi ya miaka 40,000, lakini shanga iliyofukiwa sakafuni haiwezi kuutolea ushahidi mchoro ulio ukutani. Mwongozaji anayelisema hili wazi humpa mgeni kitu kikubwa kuliko tarakimu ya kujivunia.

Sasa suala gumu. Mungomi wa Kolo, miongoni mwa mapango yanayotembelewa zaidi, bado ni mahali pa tambiko. Wenyeji hupanda kuomba mvua na kutafuta uponyaji, na katika tambiko pombe ya kienyeji hunyunyizwa, mara nyingine ukutani kwenyewe. Wahifadhi wamelalamika kwamba pombe hiyo inaharibu rangi. Wamesema kweli: kioevu chochote kinachorudiwa kumwagwa juu ya mchoro kitauondoa, kiwe maji ya mtalii au pombe ya mzee. Hata hivyo anayependekeza tambiko lipigwe marufuku hajaisoma historia ya Kondoa. Maboma ya nguzo na waya yaliyojengwa enzi za ukoloni mbele ya baadhi ya mapango hayakudumu. Na watu wa vilima hivi wanajua vizuri kuondolewa kwa jina la hifadhi: mwaka 1979, chini ya mradi wa HADO (Hifadhi Ardhi Dodoma), makumi ya maelfu ya mifugo yaliamriwa kutoka kwenye eneo lililokuwa limemomonyoka. Majani yalirudi, naam, lakini somo lililobaki vichwani ni kwamba amri hutoka juu na gharama hulipwa chini. Kuwaambia watu haohao kwamba sasa na pango la mvua si lao ni kutafuta ugomvi ambao michoro haitaushinda.

Tazama pia waliotenda madhara mabaya zaidi. Watu wamechimba sakafu za mapango wakisaka dhahabu inayodaiwa kufukiwa na Wajerumani wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia. Dhahabu hiyo ni uvumi mtupu, lakini mashimo ni ya kweli, na kila shimo limevuruga tabaka ambazo mwanaakiolojia angezisoma kama kurasa. Mchimbaji wa namna hiyo hupanda usiku, mahali ambapo hakuna anayepajali. Pango lenye wazee wanaoliheshimu na waongozaji wanaojipatia riziki humo kwa halali lina macho mengi. Huko Mfangano, kisiwa cha Ziwa Victoria upande wa Kenya, michoro ya miduara imehusishwa na kuomba mvua, na heshima hiyo ndiyo iliyoizuia mikono ya watu kwa vizazi kabla ya sheria yoyote ya mambo ya kale kuandikwa. Kwa hiyo la kufanya Kolo ni kuzungumza na wazee kuhusu mahali pa kumwagia pombe, chini au kando, na pasiwe ukutani. Mazungumzo hayo atayafanya mtu wanayemjua. Afisa wa warsha ya siku mbili hataweza.

Kuhusu nakala na picha za kompyuta, sina ugomvi nazo. Mtoto wa Mtwara au Kigoma asiyeweza kufika Kondoa anastahili kuziona, na kazi ya Mary Leakey imetuachia kumbukumbu ya taswira ambazo huenda zimeshafifia. Lakini nakala haikuonyeshi kwamba aliyechora alichagua ukuta unaotazama bonde zima, wala haimlipi mtu yeyote wa Kolo awe macho.

Wizara na halmashauri zinaweza kuanza na mambo yasiyohitaji fedha nyingi: pasiwe na mgeni anayepanda bila mwongozaji, liwe basi la wanafunzi au msafara wa mheshimiwa, kikundi kiwe kidogo, na shule yenye watoto themanini igawanywe, waongozaji walipwe mishahara inayotosha na wasitegemee bahashishi, na sehemu ya kiingilio ibaki kijijini kwa njia ambayo wanakijiji wanaweza kuikagua. Nawe msomaji, ukipita njia hiyo kuelekea Babati au Arusha, simama Kolo. Anzia ofisi ya Mambo ya Kale, lipa kiingilio, mchukue mwongozaji na umpe nusu siku nzima. Chupa yako ya maji iwe ya kunywa tu, na ukiona mtu anainyoosha yake kuelekea ukutani, mzuie.