Sasumua: bwawa la udongo uliokaidi vitabu

Katika miaka ya 1950 Nairobi ilihitaji maji zaidi, na wahandisi wakaanza kujenga bwawa la Sasumua kwenye miteremko ya Nyandarua. Udongo mwekundu uliokuwepo hapo uliwachanganya. Vipimo vya kawaida vya maabara vilionyesha udongo wenye chembe ndogo mno, unaobeba maji mengi na unaobaki mwepesi hata baada ya kushindiliwa. Mhandisi anayesoma tarakimu hizo peke yake angeukataa. Lakini udongo wenyewe, ukishindiliwa, ulikuwa imara na haukubonyea ovyo. Aliyeitwa kutoa ushauri ni Karl Terzaghi, Mwaustria ambaye kitabu chake cha mwaka 1925 kiliweka msingi wa mekanika ya udongo. Maelezo yake aliyoyachapisha mwaka 1958 yaliuelekeza mjadala mbali na koleo na chekecheke, yakaupeleka kwenye madini. Udongo wa Sasumua ulikuwa umejaa haloisiti.

Haloisiti ni tabaka nyembamba za silika na alumina ambazo mara nyingi hujikunja zikawa mirija, na katikati ya tabaka na tabaka hukaa maji. Umbali kutoka tabaka moja hadi nyingine ni nanomita moja, yaani sehemu moja ya milioni ya milimita. Hadubini ya mwanga haiwezi kuufikia umbali huo, lenzi ziwe nzuri kiasi gani, kwa sababu mawimbi ya mwanga tunaouona yana urefu wa nanomita 400 hadi 700. Eksirei ya mashine nyingi za maabara, inayotoka kwenye kipande cha shaba kilichopigwa na elektroni, ina mawimbi ya nanomita 0.154. Hiyo inatosha. Shida ni kwamba eksirei haikusanyiki kirahisi kwa lenzi ikawa picha, kwa hiyo wataalamu huiacha ipige kitu, kisha hupima inavyotawanyika.

Atakayesimama gatini akatazama viwimbi vikigonga nguzo zilizopangwa safu ataona kila nguzo ikitoa viwimbi vyake, na viwimbi hivyo vikikutana, mahali pengine hujazana, mahali pengine huuana. Atomi zilizopangwa ndani ya fuwele huifanyia eksirei jambo hilohilo. Kwenye pembe chache miale hujazana na kitambuzi huandika kilele. Kwenye pembe nyingine haipatikani kitu cha maana. Pembe ikijulikana, na urefu wa wimbi ukijulikana, umbali kati ya tabaka hupatikana kwa hesabu ambayo mwanafunzi wa kidato cha nne anaimudu. Tabaka zikiachana, pembe hupungua. Zikikaribiana, pembe huongezeka.

Hesabu hiyo ina zaidi ya miaka 100. Mwaka 1912 mjini Munich, Walter Friedrich na Paul Knipping walilifuata wazo la Max von Laue wakaelekeza eksirei kwenye fuwele ya mrututu. Bamba la picha likatoka na madoa. Mwaka uliofuata, huko Uingereza, William Lawrence Bragg na baba yake, William Henry Bragg, waliigeukia chumvi ya kawaida wakakuta jambo ambalo wakemia hawakulitarajia: ndani ya chumvi hamna jozi za sodiamu na klorini zilizoshikana mbilimbili. Kila sodiamu imezungukwa na klorini sita, na kila klorini na sodiamu sita. Baba na mwana walipata Tuzo ya Nobel mwaka 1915, kijana akiwa na miaka 25. Hata hivyo, mwaka 1927 mkemia mkongwe Henry Armstrong alikuwa bado analiandikia jarida la Nature kuilalamikia chumvi hiyo iliyopangwa kama ubao wa sataranji. Armstrong hakuwa mtu wa ovyo. Aliombwa tu aamini mpangilio ambao hakuna jicho lililokuwa limeuona.

Udongo uliingia katika habari hii kwa kuchelewa. Fuwele zake ni ndogo mno kushikwa moja moja, na wengi waliamini kwamba mfinyanzi ni uji usio na mpangilio wowote. Njia ilifunguliwa na Peter Debye na Paul Scherrer, ambao mwaka 1916 walionyesha kwamba unga nao unafaa: kati ya mamilioni ya chembe zilizolala hovyo, daima zitakuwepo zilizokaa kwenye pembe inayotakiwa. Mwaka 1930 Sterling Hendricks na William Fry, wakifanya kazi Marekani, wakaonyesha kwamba hata sehemu laini kabisa ya udongo ina fuwele.

Tangu hapo kutambua udongo kumekuwa kazi ya kulinganisha umbali, na pia kazi ya kuutesa udongo kidogo. Kaoliniti, ndugu wa haloisiti, huonyesha nanomita 0.7. Haloisiti yenye maji huonyesha 1.0. Lakini iliti, udongo wa ukoo mwingine kabisa, nayo huonyesha 1.0. Fundi wa maabara afanyeje? Huipasha sampuli moto. Iliti haibadiliki, ila haloisiti hupoteza maji yake na kushuka hadi karibu 0.7, na kwa kawaida maji hayo hayarudi tena hata ukiilowesha.

Hapo ndipo udongo wa Sasumua ulipoanza kueleweka. Chembe zake zilikuwa zimeshikamana katika vidonge vigumu vyenye matundu. Maji yaliyokaa ndani ya vidonge hivyo yalihesabiwa kwenye mizani pamoja na mengine, ila hayakuwa yakiulainisha udongo. Vilevile, kipimo chochote kinachoanza kwa kukausha sampuli kwenye oveni, na vipo vingi, hukuta udongo uliokwisha kugeuka kuwa kitu kingine. Wahandisi wa nchi za joto wamejifunza kuzipima sampuli za namna hii zikiwa na unyevu wake wa asili.

Upande wa mashariki na kusini mwa jiji hilohilo la Nairobi kuna udongo mweusi, ule unaopatikana pia Mwea na katika mbuga za Shinyanga, ambao kila mjenzi anaujua kwa hasara zake. Masika huvimba, kiangazi hupasuka, na nyumba nyepesi iliyojengwa juu yake huinuliwa na kushushwa hadi kuta zinafanya nyufa. Mwenye fujo ni smektiti. Tabaka zake zimeshikana kwa ulegevu, na maji yakiingia huzisukuma zikaachana. Kumthibitisha, fundi huweka sampuli kwenye mvuke wa ethilini glaikoli, kimiminika kilekile kinachochanganywa na maji ya rejeta za magari. Kilele kilichokuwa karibu na nanomita 1.5 husogea hadi 1.7. Kaoliniti haitikisiki. Matokeo hayo yanaweza kumwambia mhandisi wa barabara kama aondoe udongo wote na kuleta moramu, au auchanganye na chokaa, ambayo kalsiamu yake hupunguza tabia hiyo ya kuvimba.

Jaribio la glaikoli lina thamani kuliko linavyoonekana, na aliyelikosa zaidi ni roboti. Gari la Curiosity, lililotua Mirihi Agosti 2012, limebeba kifaa kidogo cha eksirei kinachotumia kobalti badala ya shaba. Mwaka 2013 lilitoboa mwamba wa tope la kale katika sehemu mbili zilizopishana kwa mita chache, zilizopewa majina John Klein na Cumberland. Zote mbili zilikuwa na smektiti, dalili ya maji ya zamani. Lakini ya kwanza ilionyesha nanomita 1.0 na ya pili 1.32. Je, ni kitu gani kilichozizuia tabaka za Cumberland zisikaribiane katika sayari kavu kiasi kile? Kifaa hakikuwa na glaikoli. Wanasayansi wamependekeza kwamba vipande vya hidroksaidi ya magnesiamu vimejipenyeza kati ya tabaka, pendekezo lenye mantiki, ila kilele chenyewe hakitaji jina la kilichokaa pale. Hupima pengo tu.

Kuna kingine kinachopotea njiani. Kitambuzi huandika mwale una nguvu kiasi gani, lakini hakiandiki kama wimbi lilifika likipanda au likishuka, na bila taarifa hiyo ramani ya atomi haichoreki moja kwa moja. Kwa chumvi mtu anaweza kukisia akapatia. Kwa molekuli kubwa, kazi huchukua miaka mingi. Dorothy Hodgkin, aliyezaliwa Cairo mwaka 1910, alipiga insulini eksirei kwa mara ya kwanza katika miaka ya 1930 na kupata muundo wake mwaka 1969. Katikati hapo alikwisha kumaliza penisilini na vitamini B12, na habari ya Tuzo yake ya Nobel ya mwaka 1964 ilimkuta Ghana.

Zaidi ya hayo, eksirei hutawanywa na elektroni. Alumini ina elektroni 13 na silikoni 14, kwa hiyo katika udongo atomi hizo mbili karibu zinafanana, na anayetaka kuzitenganisha hugeukia mwangwi wa sumaku wa kiini cha atomi. Hidrojeni, yenye elektroni moja tu, nusura isionekane. Kwa maji yaliyojificha kati ya tabaka panahitajika nutroni, ambazo hutawanywa na kiini chenyewe na huitofautisha vizuri hidrojeni ya kawaida na ile nzito. Mtafiti akilowesha udongo kwa maji mazito, maji hayo hujitokeza. Kazi hiyo ilianza kwa dhati Oak Ridge, Marekani, mwaka 1946, na Ernest Wollan na Clifford Shull. Shull alipewa Nobel mwaka 1994 pamoja na Bertram Brockhouse wa Kanada. Wollan alikuwa amefariki miaka kumi kabla.

Udongo wa volkano wa Kilimanjaro na Virunga una mtego wake. Humo kuna alofani, vijipira vyenye uwazi ndani, vya nanomita 3.5 hadi 5, visivyo na mpangilio mrefu wa atomi. Mashine ya kawaida ya eksirei huviandikia vilima vipana visivyosema kitu, na ripoti inaweza kunyamazia sehemu kubwa ya udongo bila mtu kugundua. Hapo huhitajika hadubini ya elektroni, au mtawanyiko wa pembe ndogo ambao Mfaransa André Guinier aliuanzisha mwishoni mwa miaka ya 1930. Miale inayopinda kidogo sana karibu na mwale mkuu hueleza ukubwa na umbo la chembe, hata kama ndani yake hamna safu za kuhesabu.

Mitambo mikubwa iko mbali. Nutroni za utafiti wa namna hii zinapatikana katika kinu cha SAFARI-1 huko Pelindaba, Afrika Kusini, kilichoanza kazi mwaka 1965. Sinkrotroni, mtambo unaotoa eksirei kali kupita kiasi, Afrika haina. Wa karibu ni SESAME, uliozinduliwa mwaka 2017 huko Allan, Jordan, na Misri ni mwanachama wake. Mashine ndogo ya unga, kwa upande mwingine, inaingia katika chumba cha kawaida. Viwanda vya saruji huitumia kupima klinka kwa njia ya hesabu ambayo Hugo Rietveld aliichapisha mwaka 1969 akiwa Petten, Uholanzi. Aliitunga kwa ajili ya nutroni za kinu cha utafiti. Leo hutumika kukadiria asilimia ya alaiti, madini yanayoifanya zege ishike nguvu katika wiki zake za kwanza.