Miguel Mihura: Mtunzi Aliyesubiri Jukwaa kwa Miaka Ishirini

Wahakiki wengi hukubaliana kuwa tamthilia haikamiliki hadi iwekwe jukwaani. Kauli hii inathibitishwa na maisha ya Miguel Mihura, mtunzi wa tamthilia na filamu wa Uhispania, ambaye kazi yake kuu ilikaa miaka ishirini bila kuigizwa. Makala haya yananuia kueleza kilichosababisha kuchelewa huko na athari zake.

Mihura alizaliwa Madrid mwaka wa 1905. Babake alikuwa mwigizaji, hivyo basi mwana alilelewa nyuma ya pazia. Mwaka wa 1932, akiuguza mguu, alitunga *Tres sombreros de copa*, yaani 'Kofia Tatu Ndefu'. Mhusika mkuu, Dionisio, analala katika hoteli ya mji mdogo usiku wa kuamkia harusi yake. Anakutana na Paula, mcheza dansi wa kundi la wasanii, na kwa mara ya kwanza anaonja uhuru. Hata hivyo, kunapopambazuka anakwenda kuoa kama ilivyopangwa.

Mazungumzo ya wahusika hao hukiuka mantiki ya kawaida, na wenye kumbi walihofu kwamba hadhira isingeyaelewa. Kisha vikazuka vita vya wenyewe kwa wenyewe (1936-1939). Mihura, aliyekuwa upande wa Franco, alihariri jarida la vichekesho la wanajeshi, *La Ametralladora*. Mwaka wa 1941 aliasisi *La Codorniz*, jarida lililoeneza ucheshi uo huo usiofuata mantiki.

Aidha, aliandika miswada ya filamu, baadhi ikiongozwa na nduguye, Jerónimo. Inayofahamika zaidi ni *¡Bienvenido, Mister Marshall!* (1953), aliyoshirikiana kuiandika na Juan Antonio Bardem na Luis García Berlanga. Wanakijiji wanajipamba kuwalaki Wamarekani wanaotarajiwa kuleta misaada, lakini msafara unapita bila kusimama. Ni kejeli iliyopenya katika enzi ya udhibiti mkali.

Waliomtoa Mihura gizani ni wanafunzi. Tarehe 24 Novemba 1952, kundi la maigizo la chuo kikuu, likiongozwa na Gustavo Pérez Puig, liliigiza tamthilia hiyo katika ukumbi wa Teatro Español. Lakini kufikia hapo, Eugène Ionesco alikuwa tayari ameonyesha *La Cantatrice chauve* jijini Paris mwaka wa 1950. Aliyetangulia kutunga akaonekana kama mfuasi, ingawa Ionesco mwenyewe aliisifu kazi yake.

Baadaye Mihura alitunga tamthilia nyepesi zilizopendwa, zikiwemo *Maribel y la extraña familia* (1959) na *Ninette y un señor de Murcia* (1964). Yamkini, kama Dionisio, alichagua njia salama. Alichaguliwa kujiunga na Akademia ya Kihispania mwaka wa 1976, akafariki mwaka wa 1977 kabla ya kutawazwa.

Sisi tunaoujadili ubwege kupitia *Amezidi* ya Said Ahmed Mohamed tuna funzo hapa. Historia ya mkondo huu haipaswi kuanzia Paris pekee, kwani tarehe ya onyesho si tarehe ya utunzi. Isitoshe, miswada inayolala kwenye makabati ya idara zetu huenda inawasubiri wanafunzi wenye ujasiri wa kuiigiza.