Kurekodi michezo ya mtandaoni: Umeme na kifurushi ndivyo vya kutazamwa kwanza

UMEME unapokatika ghafla katika dakika za mwisho za pambano la mtandaoni, mchezaji hupoteza vitu viwili kwa mpigo: pambano lenyewe na kumbukumbu yake. Pambano halirudi. Kumbukumbu, hata hivyo, inaweza kuokoka iwapo programu ya kurekodi skrini ilichaguliwa na kupangwa kwa kuzingatia mazingira ya mahali inapotumika.

Suala hilo lina uzito wa pekee kwa wachezaji walio mbali na miji mikubwa, kama wa Karatu, mji wa watalii ulio takriban kilomita 140 kutoka Arusha katika barabara kuu iendayo Ngorongoro. Mchezaji wa Ganako, mojawapo ya kata za wilaya hiyo, anaweza kupambana na wenzake wa Dar es Salaam, Nairobi au Johannesburg bila kutoka nyumbani kwao.

Katika ushindani wa namna hiyo, rekodi ya skrini ndiyo inayomsemea. Ni ushahidi wake pale matokeo yanapobishaniwa au anapotuhumiwa kutumia hila, na ni malighafi ya video kwa yule anayetaka kujitangaza na kujipatia kipato.

Tatizo ni kwamba miongozo mingi ya kazi hiyo imeandikwa kwa ajili ya watu wenye umeme wa uhakika na intaneti isiyopimwa. Anayeifuata neno kwa neno akiwa Ganako anaweza kuishia na kompyuta inayokwama, diski iliyojaa na kifurushi kilichokwisha siku ya pili.

Kurekodi si kurusha moja kwa moja

Jambo la kwanza kufahamu ni tofauti kati ya kurekodi na kurusha mchezo moja kwa moja. Kurekodi ni kuhifadhi picha za skrini katika diski ya kompyuta au simu, na kazi hiyo yenyewe haihitaji intaneti hata kidogo. Kurusha moja kwa moja ni kuzituma picha hizo mtandaoni wakati uleule mchezo unapoendelea.

Gharama ya kurusha inaweza kukokotolewa kwa urahisi. Video inayotumwa kwa kasi ya kilobiti 6,000 kwa sekunde hula takriban megabaiti 45 kwa dakika, sawa na gigabaiti 2.7 kwa saa. Ikipunguzwa hadi kilobiti 2,500, bado saa moja humeza zaidi ya gigabaiti moja, mbali na kile kinachotumiwa na mchezo wenyewe.

Aidha, seva za michezo mingi inayochezwa Afrika Mashariki ziko Afrika Kusini, Mashariki ya Kati au Ulaya. Amri ya mchezaji husafiri mwendo mrefu kabla ya kujibiwa, na video inayotumwa kwa wakati huohuo hugombania njia moja na amri hiyo. Matokeo yake ni mchezo kuchelewa kuitika.

Njia hiyo ndefu nayo haina uhakika kila siku. Mei 12, mwaka 2024, hitilafu katika nyaya za chini ya bahari za EASSy na Seacom ilidhoofisha intaneti nchini Tanzania na katika nchi jirani. Mchezaji aliyekuwa na rekodi zake katika diski hakupoteza kitu. Alisubiri mtandao urejee ndipo akazipakia.

Kwa hiyo, kwa mchezaji anayenunua intaneti kwa kipimo, utaratibu wenye nafuu ni kurekodi kwanza, kuchagua vipande vinavyofaa, kisha kupakia dakika chache tu katika saa ambazo vifurushi ni vya bei ya chini.

Programu ipi ichaguliwe

Miaka ya 2000, jina lililotajwa zaidi miongoni mwa wachezaji wa kompyuta lilikuwa Fraps. Programu hiyo ilipata toleo lake la mwisho mwaka 2013, na faili zake zilikuwa kubwa mno. Bandicam, iliyoifuata kwa umaarufu, bado ipo, lakini asiyelipia huwekewa ukomo wa dakika 10 kwa kila rekodi pamoja na jina la programu juu ya picha.

Programu inayotumiwa zaidi kwa sasa ni OBS Studio, iliyoanza kutolewa mwaka 2012. Ni ya bure, haina ukomo wa muda, haiweki nembo juu ya video, na hufanya kazi katika Windows, macOS na Linux. Upungufu wake ni kwamba humtaka mtumiaji ajifunze mipangilio mingi kabla ya kuona matunda.

Wenye kompyuta za zamani wanapaswa kuwa waangalifu. Kuanzia toleo la 28 la mwaka 2022, OBS iliacha kufanya kazi katika Windows 7 na 8. Wenye mifumo hiyo wanalazimika kubaki na matoleo ya 27.

Kwa asiyetaka kujifunza mengi, Windows 10 na 11 zina kirekodi chake kiitwacho Game Bar. Kubonyeza kitufe cha Windows pamoja na herufi G hukifungua, na Windows, Alt na R kwa pamoja huanzisha rekodi. Kinarekodi programu moja iliyofunguliwa, si skrini nzima, jambo linalotosha kwa mchezo mmoja.

Wenye kadi za michoro za NVIDIA au AMD wanaweza pia kutumia programu za kampuni hizo. Kazi ya kurekodi hubebwa na kadi yenyewe, hivyo mchezo hauathiriki sana.

Kigezo cha kuchagua, basi, kisiwe umaarufu bali uwezo wa kompyuta iliyopo. Kompyuta dhaifu inahitaji programu nyepesi. Yenye kadi ya michoro inaweza kubeba OBS bila shida.

Mipangilio inayostahimili kukatika kwa umeme

Katika OBS, hatua ya kwanza ni kuonesha chanzo cha picha. Chaguo la "Game Capture" huchukua mchezo peke yake na ndilo bora. Baadhi ya michezo yenye ulinzi dhidi ya udanganyifu hulizuia, na skrini hubaki nyeusi. Hapo mchezaji hutumia "Display Capture", inayochukua kila kinachoonekana.

Hatua ya pili ni kuchagua nani abebe mzigo wa kubana video. Chaguo liitwalo x264 huutwika prosesa, ambayo tayari ina kazi ya kuendesha mchezo. Kompyuta yenye NVENC ya NVIDIA, Quick Sync ya Intel au kibanaji cha AMD itumie hicho badala yake.

Hatua ya tatu ni ukubwa wa picha. Kwa kompyuta ya kawaida, pikseli 1280 kwa 720 na picha 30 kwa sekunde zinatosha kuonesha mchezo wa mpira au mbio za magari. Michezo ya kufyatuliana risasi hunufaika na picha 60 kwa sekunde, ila mzigo huongezeka.

Hatua ya nne ndiyo yenye kuamua hatima ya rekodi umeme ukikatika: aina ya faili. Faili ya kawaida ya MP4 huandikiwa taarifa zake muhimu mwishoni, rekodi inapofungwa. Umeme ukiondoka kabla ya hapo, faili nzima huweza kushindwa kufunguka, hata kama ilikwisha kurekodi saa mbili.

Faili ya MKV haina udhaifu huo. Ikikatizwa, sehemu iliyokwisha kuandikwa hubaki salama. Baadaye OBS yenyewe huweza kuigeuza kuwa MP4 kwa muda mfupi bila kushusha ubora. Toleo la 30.2 la mwaka 2024 lilileta pia aina ya MP4 inayostahimili kukatizwa, kwa wale wenye kompyuta za kisasa.

Umuhimu wa hatua hiyo hauhitaji maelezo marefu kwa Watanzania. Aprili 1, mwaka 2024, hitilafu katika Gridi ya Taifa iliacha sehemu kubwa ya nchi gizani. Mwenye kompyuta ya mezani isiyo na betri ya akiba hawezi kuzuia tukio kama hilo, bali anaweza kuamua kitakachobaki baada yake.

Hatua ya tano ni mahali pa kuhifadhi. Flashi nyingi huuzwa zikiwa katika mfumo wa FAT32, usiokubali faili moja kuzidi gigabaiti 4. Kwa kasi ya kilobiti 6,000, kikomo hicho hufikiwa kwa takriban saa moja na nusu. Dawa ni kuibadilisha flashi kuwa katika mfumo wa exFAT kabla ya kuitumia, baada ya kuhamisha vilivyomo, kwa kuwa kazi hiyo hufuta kila kitu.

Mwisho ni sauti. Sauti ya mchezo na ile ya kipaza sauti zirekodiwe katika njia mbili tofauti ili mojawapo iweze kupunguzwa baadaye. Msimu wa masika, mvua inapopiga juu ya bati, kichujio cha kelele kilichomo ndani ya OBS husaidia kiasi, ingawa kusogeza kipaza sauti karibu na mdomo husaidia zaidi.

Kwa wanaotumia simu

Wachezaji wengi hawana kompyuta. Uwanja wao ni simu. Simu za Android 11, mfumo uliotolewa mwaka 2020, na za baada yake huja na kirekodi cha skrini, na iPhone zimekuwa nacho tangu iOS 11 ya mwaka 2017. Hakuna haja ya kupakua kitu kingine.

Wenye simu za zamani wajue kwamba kabla ya Android 10 ya mwaka 2019, programu za kawaida hazikuruhusiwa kuchukua sauti ya ndani ya simu. Zilinasa kinachosikika kupitia kipaza sauti tu, pamoja na kelele za chumbani. Hilo si kosa la mtumiaji wala la programu.

Hatari kubwa zaidi ya simu ni kwamba ndiyo pia pochi. Ujumbe wa kupokea fedha, wenye jina la mtumaji na salio, huweza kutokea juu ya skrini katikati ya mchezo na kurekodiwa. Kuwasha hali ya kutosumbuliwa kabla ya kuanza huzuia aibu hiyo, na mara nyingine huzuia wizi.

Tahadhari kabla ya kupakua

Januari 2023, mtu anayejulikana mtandaoni kwa jina la NFT God alieleza jinsi alivyotafuta OBS kwa Google, akabofya tangazo la kulipiwa lililokuwa juu ya matokeo, na kupakua programu ya kihalifu iliyovaa jina hilo. Akaunti zake zilitekwa na mali zake za kidijitali kuibwa.

Funzo lake ni la kila mahali: programu ichukuliwe katika tovuti ya watengenezaji wenyewe, ambayo kwa OBS ni obsproject.com. Nakala zinazozungushwa kwa flashi, hasa zile za programu za kulipia zilizovunjwa kufuli, ziepukwe.

Ipo pia haki ya wengine. Rekodi ya mchezo wa timu hubeba sauti za watu, baadhi yao wakiwa watoto. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Mei 1, mwaka 2023, imeweka wazi kuwa taarifa za mtu si za kuchezewa. Ni vyema wachezaji wenza waarifiwe kabla ya kurekodiwa, na waridhie kabla ya video kutangazwa.

Anayekusudia kuifanya kazi hiyo kuwa biashara aulize pia Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA) iwapo maudhui yake yanahitaji leseni, kwa kuwa kanuni za maudhui ya mtandaoni za mwaka 2020 zilifanyiwa marekebisho mwaka 2022.

Baada ya yote, linabaki jaribio la dakika mbili. Mchezaji arekodi kipande kifupi, akifungue, asikilize sauti zote mbili na kutazama kama picha inakatakata. Ikikatakata, apunguze ukubwa wa picha au idadi ya picha kwa sekunde, kisha ajaribu tena. Ni heri kasoro ionekane katika jaribio kuliko siku ya fainali, wakati mwandaaji wa mashindano anaomba ushahidi na faili haifunguki.