Mashauri ya Vyama vya Ushirika Yapelekwe Wapi

Mkulima wa Kenya apelekaye kahawa yake chamani huweza siku moja kuona ya kuwa fedha alizolipwa hazilingani na kilo alizopimiwa. Basi huchukua hati zake za mizani, huenda kwa hakimu aliye karibu naye, hutoa ada na kufungua daawa. Hungoja miezi mingi, na mwishowe huambiwa kwamba mahakama ile haina mamlaka ya kusikiliza shauri lake. Ada imekwenda, nauli imekwenda, na hesabu ya kahawa haijaangaliwa hata kidogo. Kwa hiyo yafaa kila mwanachama ajue mapema ni baraza gani lililopewa kazi hii.

Sheria ya Vyama vya Ushirika, Namba 12 ya mwaka 1997, yaeleza jambo hili katika kifungu cha 76. Ugomvi wowote juu ya shughuli za chama hupelekwa mbele ya Baraza la Mashauri ya Ushirika, lililowekwa na kifungu cha 77. Wazee wengine watakuambia umwendee Kamishna wa Ushirika akuamulie. Hawasemi uongo, maana sheria ya mwaka 1966 ndivyo ilivyoagiza; lakini sheria ya 1997 iliondoa kazi hiyo mkononi mwake na kulipa Baraza.

Kabla hujaondoka nyumbani, jiulize mambo mawili: ni nani wanaogombana, na wanagombania nini? Baraza husikiliza ugomvi wa wanachama wao kwa wao, wa mwanachama na chama chake au halmashauri yake au ofisa wake, na wa chama kimoja na chama kingine. Mtu aliyekwisha kutoka chamani huhesabiwa pamoja nao, na kadhalika warithi wa mwanachama aliyefariki. Mjane anayedai malipo ya kahawa ya marehemu mumewe asidhani kwamba hana pa kwenda kwa kuwa jina lake halimo kitabuni. Deni la mkopo, liwe limekubaliwa au limekataliwa, nalo ni la Baraza.

Lakini uanachama peke yake hautoshi. Ikiwa wewe na jirani yako ni wanachama wa chama kimoja, nanyi mwagombania mpaka wa shamba, hiyo si shughuli ya chama. Ikiwa shamba limeandikishwa, nendeni kwanza kwa Msajili wa Ardhi auainishe mpaka, ndipo mwende kwenye mahakama za mambo ya ardhi. Vilevile mfanyabiashara asiye mwanachama, aliyekiuzia chama mbolea asilipwe, hufungua daawa yake katika mahakama za kawaida. Ikiwa deni lake halizidi shilingi 1,000,000 aweza kwenda kwenye Mahakama ya Madai Madogo, iliyowekwa kwa sheria ya mwaka 2016. Karani aliyeajiriwa na chama akafukuzwa kazi bila haki ana Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi. Na wizi ni wizi: mtunza fedha akiiba, habari hupelekwa polisi, naye hushtakiwa mbele ya hakimu wa jinai.

Watu huuliza, kwa nini hakimu asisikilize tu, akiwa yeye naye ni mwanasheria? Jibu lilitolewa na Mahakama ya Rufani mwaka 1989 katika kesi ya meli iitwayo Lillian S. Meli ni mbali sana na vinu vyetu vya kahawa, lakini neno lililoamuliwa latuhusu: mahakama isiyo na mamlaka haina budi kuacha kazi pale pale, isiendelee hata hatua moja. Nawe ukikaa miaka katika mahakama isiyo yako, muda wa kudai waendelea kupita. Kwa madai ya mapatano sheria huweka miaka 6.

Kamishna hakuachwa bila kazi. Aweza kuamuru hesabu na mambo ya chama yachunguzwe kwa hiari yake mwenyewe, na hana budi kufanya hivyo ikiwa theluthi moja ya waliohudhuria na kupiga kura katika mkutano uliotangazwa sawasawa wataomba. Uchunguzi ukionyesha kwamba ofisa ametumia vibaya mali ya chama, Kamishna aweza kumwamuru alipe. Kwa maoni yangu njia hii ni bora kuliko daawa ya mtu mmoja, pale hasara ilipowapata wote. Ila yataka wanachama wahudhurie mkutano, na hapo ndipo tunapolegea. Ofisa asiyeridhika na amri hiyo hukata rufani kwa Baraza katika siku 30.

Utakapolalamika, kitaje chama kwa jina lake lililoandikishwa, wala si mwenyekiti peke yake, kwa sababu chama kilichoandikishwa ni mtu mbele ya sheria. Chukua hati za mizani, kitabu chako cha uanachama, kanuni za chama na barua zote ulizoandikiana na halmashauri. Waweza kujisemea mwenyewe au kusemewa na wakili. Hukumu ya Baraza isipokuridhisha, kata rufani Mahakama Kuu katika siku 30, zikihesabiwa tangu siku ya amri, si tangu siku uliyopata nakala yake.